Siku Zao Ishirini na Nane, Siku Zetu Arobaini

Tangu nirudi, watu wanasimama kwenye meza yangu pale sokoni Mbulu, wanashika kitunguu swaumu, wanakinusa, wanakirudisha, halafu wanauliza: "Mama Agnesi, China kukoje?" Siku moja nilihesabu, waliuliza kumi na saba. Walionunua wanne. Kwa hiyo naandika mara moja tu. Anayetaka asome, na mezani kwangu tuongee biashara.

Mambo ya pasi na tiketi naruka. Hakuna aliyewahi kufurahia foleni kwa kusimuliwa.

Nilichokwenda kufanya ni hiki. Mdogo wangu Veronika alikuwa mama lishe kwenye kambi ya barabara upande wa Katesh. Huko akampata fundi mmoja Mchina ambaye sisi tulimwita Cheni, wakaoana, akamfuata kwao. Alipokaribia kujifungua mtoto wake wa kwanza, mama yetu, ambaye miguu haimruhusu tena kutoka kijijini kwetu Daudi, aliniita akaniambia, "Nenda kamlee."

Mnajua wenyewe. Mzazi wetu hukaa ndani siku arobaini, anapikiwa, anakandwa, hagusi jembe wala maji baridi, na anayemlea ni mama yake au dada yake. Veronika alinilea mimi mara tatu kati ya nne. Zamu yangu ilikuwa imefika.

Na sitaficha: nilikuwa na wivu kabla hata ya kupanda basi. Kwenye simu Veronika alishaanza kumwita mama mkwe wake "mama" tu, lile neno "mkwe" limedondoka njiani. Siku moja nikiwa naye hewani nilimsikia yule mama akimpa amri za kula nyuma yake, nami nikampa zangu, kila mmoja akapandisha sauti, mpaka Veronika akakata simu. Mama yetu naye aliniambia, "Ukifika mwangalie macho. Uniambie kama bado ni wetu." Hilo ndilo lilikuwa swali. Mizigo mingine yote ilikuwa unga.

Daudi mpaka Karatu

Basi lilinichukua Daudi asubuhi, likakwama kwenye tope kabla sijamaliza kupangusa kiti. Tukashuka wote. Mzee mmoja wa Gitting, aliyekuwa amekuja Mbulu na mbegu za viazi, aliuangalia mfuko wangu.

"Shikamoo mzee," nikasema.

"Marahaba. Unahama?"

"Naenda China."

"China ipi? Yale maduka ya Arusha?"

"China yenyewe."

Akaliangalia basi, akaliangalia tope. "Basi waambie ile barabara ya kwetu Katesh waliitengeneza vizuri. Waje wamalizie na hii."

Saa mbili na nusu tulikaa pale. Nilitumia muda huo kuhesabu mzigo. Unga wa ulezi kilo tano. Samli chupa mbili. Vitunguu swaumu vya shamba la mama vichwa arobaini, kimoja kwa kila siku ya uzazi. Nikahesabu tena. Arobaini.

Uwanja wa ndege wa kwao

Ndegeni nimekula mara tatu, mara zote kuku. Jirani yangu alilala tangu Addis, akaacha mkate wake, nilimtunzia, hakuudai.

Kule Guangzhou dada mmoja wa forodha alifungua mfuko wangu. Unga akaunusa, akauacha. Samli akaweka pembeni. Vitunguu akavimimina mezani, akaanza kuvihesabu, na kwa mara ya kwanza katika safari nikamheshimu mtu. Arobaini. Akaongea na simu yake, simu ikanigeukia kwa Kiswahili cha mtangazaji wa habari: "Mmea huu hauruhusiwi."

Nikaiambia simu, "Mwambie achukue ishirini, aniachie ishirini."

Dada akasikiliza. Macho yakacheka, mdomo haukucheka. Akatikisa kichwa.

"Basi kumi. Mwambie kuna mzazi."

Akachukua arobaini. Nimefanya biashara miaka kumi na tisa, sijawahi kukutana na mtu asiyepanda wala kushuka. Mezani pale niliacha siku zote za uzazi wa mdogo wangu, nikatoka na unga.

Treni

Cheni alikuwa mlangoni na maua.

"Shikamoo shemeji!"

Kiswahili chake amekiokota kambini, kwa wapiga zege, na shikamoo huwa anampa kila mtu, mpaka mwanangu wa mwisho alishapewa. Nikampa marahaba yake, mtu ametoka mbali.

"Mtoto ameshatoka," akasema. "Juzi. Mtoto ya kike. Kazi nzuri, hakuna nyufa."

Treni ile ni bora nisiisimulie, nitaonekana mwongo. Kikombe cha maji kilikaa mezani bila kutikisika. Nilianza kuhesabu madaraja, nikafika sitini, nikaacha. Sikuchoka. Nilikasirika. Saa mbili na nusu nilizokaa kwenye tope la njia ya Karatu, hawa wangekuwa wamevuka mkoa na kurudi.

Viti vya mbele yetu kulikuwa na familia. Nilihesabu: bibi wawili, babu wawili, baba, mama, na mtoto mmoja. Nikarudia, nikidhani wengine wako chooni. Mmoja. Bibi huyu anamenya chungwa, yule anamfuta mdomo, babu anashika kiatu. Mtoto mwenyewe anaangalia katuni kama bosi.

"Wengine wako wapi?" nikamuuliza Cheni.

"Wengine gani?"

Hoteli ya wazazi

Nilidhani tunakwenda nyumbani. Tukasimama mbele ya ghorofa lenye zulia na harufu ya sabuni.

"Veronika analala hapa," Cheni akasema. "Siku ishirini na nane. Hii ni hoteli ya wazazi."

Nilisimama na unga wangu begani. Huko kwao, akanieleza, mzazi hukaa ndani mwezi, na toka zamani alikuwa akilelewa na mama mkwe. Siku hizi wenye uwezo wanawalipa watu wenye vyeti. Mkandaji ana cheti. Mpishi wa supu ana cheti. Wa kumwogesha mtoto ana vyeti viwili, vimetundikwa ukutani.

Mimi nimezaa wanne na sina hata kimoja.

Tena mgeni anaruhusiwa mmoja tu kwa siku, saa moja, na kabla ya kuingia unanawa mpaka kwenye viwiko. Nilipoingia, Veronika alikuwa amekaa kwenye kitanda kinachojiinua chenyewe, amevaa kofia ya sufu.

"Dada! Umefika!"

Akalia, nami nikalia. Kabla hatujamaliza, mlezi mmoja wa sare ya pinki akatutenganisha kwa upole: machozi yanaharibu maziwa. Nikatoa unga. Akausoma mfuko pande zote, haukuwa na maandishi, akauweka nje ya mlango kama kiatu.

"Vero, mimi nimekuja kukulea."

"Najua, dada."

"Sasa nimlee nani?"

Akaangalia dirishani. Mama alisema niangalie macho, yalikuwa dirishani.

Sasa niwaambie kuhusu huyo mama mkwe. Mwanamke mfupi, mkavu, mikono ya mkulima, miguu ya mtu aliyezoea matuta. Nilimwita Mama Cheni, naye aliniita kitu ambacho sikukiuliza. Tulilala chumba kimoja kwenye fleti ya Cheni, tukagombania jiko moja lenye mafiga mawili, na kila asubuhi tukagombania ile saa moja ya hotelini. Siku ya kwanza nilifika saa mbili, nikamkuta mlangoni anafuma sufu nyekundu. Ya pili nikafika saa moja, yupo. Ya tatu nikamwacha amelala, nikatembea kwa miguu, nikafika nimechoka kama punda, na yeye akashuka kwenye baiskeli ya umeme ya jirani dakika hiyo hiyo. Tukaangaliana. Mlinzi alipofungua mlango tuliingia mabega yamebanana, na wote wawili tukarudishwa.

Kwa hiyo tukawa tunakaa kwenye kioo cha kuangalia watoto. Vitanda vidogo kumi na viwili. Watoto wanne. Nikahesabu tena, mmoja alikuwa mdoli wa kufundishia. Watatu.

Siku ya kumi ilikuwa zamu yangu, Cheni akamwombea na mama yake ruhusa ya dakika chache. Mara akaingia mama mmoja mzee wa ofisi ya mtaa, nywele zimepakwa rangi, na kikapu cha mayai mekundu, blanketi la mtoto na kadi ya pongezi. Akamsifu Veronika, akamsifu mtoto, akauliza wa pili lini. Akauliza na wa tatu, kama mtu anayekuuzia seti.

"Serikali inafurahi sana," Cheni akatafsiri.

Nikaona moto kifuani. Nimezaa wanne Daudi. Hakuna ofisi iliyoniletea hata kipande cha sabuni. Balozi wa nyumba kumi alikuja mara moja, akauliza kama tumechimba choo.

Nikageuka kumwangalia Mama Cheni, nikijua atakuwa amejaa sifa. Hakuwepo. Alikuwa ameinuka bila kumsalimia mgeni, ameacha na sufu yake kwenye kiti. Nikasema moyoni: ana wivu kuliko mimi, hataki hata mjukuu wake asifiwe na mwingine. Nilifurahi kidogo, kusema kweli.

Jioni ile alininyang'anya simu. Nilikuwa naangalia picha za wanangu: Yohana, Agnesi, Paulo na Basili, wamejipanga mbele ya nyumba. Alizikuza, akatandaza kiganja chake juu ya kila mmoja, bega mpaka bega. Nikadhani anakagua nguo zao. Nikaichukua simu yangu. Mashati yalikuwa safi.

Kijiji chenye ukuta

Jumapili moja Cheni akatupeleka kijijini kwa mama yake akachukue masufuria. Watu wa kule wengi wameshahamishiwa mjini kwenye maghorofa. Mama Cheni mwenyewe alipewa fleti na akapanda vitunguu kwenye bustani ya maua ya jengo, mlinzi akaving'oa, akapanda tena. Habari hiyo ilinifanya nimpende kwa dakika tatu.

Barabara ya kijiji ni lami mpaka mlangoni. Taa za jua kila hatua. Nilikuwa najiandaa kuumia, kisha nikaanza kuhesabu. Nyumba thelathini na moja. Zenye kufuli, ishirini na sita. Shule ipo, nzuri, ghorofa mbili. Ndani wamekaa wazee wanaota jua kwenye viti vya magurudumu. Tulitembea kijiji kizima na hakuna mtoto aliyetukimbilia. Mimi mtu mweusi kama hivi, nimevaa kitenge cha njano, na hakuna mtoto wa kunishangaa.

Mwisho wa kijiji kuna ukuta wenye maandishi mekundu makubwa. Rangi ilikuwa mpya, lakini mvua ilikuwa imeanza kuichuja na chini yake kukaonekana maandishi mengine ya zamani.

"Imeandikwaje?" nikauliza.

"Juu: watoto tatu, nzuri," Cheni akasema. "Chini, ya zamani: mtoto moja, basi."

"Ukuta huo huo?"

"Ukuta huo huo. Rangi tu."

Nikacheka. "Mwambie mama yako mimi ninao wanne. Ningezaliwa hapa wangeniwekea sanamu."

Akatafsiri. Mama Cheni hakucheka. Aliuchukua mkono wangu, akakikunja kidole gumba ndani, akashika vidole vilivyobaki kimoja kimoja. Yohana, Agnesi, Paulo, Basili. Majina hakuyajua, lakini nilijua anahesabu hao. Halafu akarudia kuhesabu. Hapo ndipo nilipomtazama vizuri kwa mara ya kwanza. Ule uso naujua, niliubeba toka Daudi. Ulikuwa wivu. Nilitoka kwetu nikiwa nawaonea wivu nchi nzima, na huku kulikuwa na mtu anauonea wivu mkono wangu.

Akaanza kusema. Alisema kwa muda mrefu, akiuangalia ukuta. Cheni alimsikiliza, na maneno yake yakawa yanapungua.

"Mama alikuwa na mimba ya pili," akasema. "Mimi miaka tatu. Mimba miezi sita."

"Halafu?"

"Ofisi ikaja nyumbani." Akatafuta neno. Kiswahili chake chote ni cha barabara, hakuna mahali pengine pa kulitafuta. "Ikasema simamisha kazi."

Mama Cheni akaongea tena, maneno machache.

"Wakabomoa," Cheni akasema.

Upepo ulikuwa unapiga kufuli za milango. Nilitaka kumwambia pole, nikaona pole yetu nayo ni ndogo.

"Huyo mama wa mayai," akaendelea, polepole, "ndiye alikuja siku ile. Alikuwa msichana. Ofisi hiyo hiyo." Kisha akasema, si kwangu, si kwa mama yake, "Mimi sikujua. Leo ndiyo anasema."

Kijana wa watu ameyasikia mambo ya nyumbani kwao wakati akimtafsiria shemeji yake. Alikaa chini pale pale kwenye lami. Mama yake akamsimamia, mkono mmoja kichwani kwake, mwingine bado umeshika vidole vyangu vinne. Sikuutoa.

Tulirudi na masufuria sita. Kesho yake nilimwachia Mama Cheni ile saa moja ya hotelini. Kesho kutwa yeye akaniachia mimi.

Siku kumi na mbili

Siku ya ishirini na nane hoteli ikamfungashia Veronika mtoto, cheti na mfuko wa zawadi, na wakasema amekwisha kulelewa. Mimi nikatoa kwenye hesabu yangu. Arobaini kasoro ishirini na nane. Nikarudia. Kumi na mbili.

"Kwenu umemaliza," nikamwambia Veronika mlangoni pa fleti. "Kwetu bado. Vua viatu, ingia ndani."

Mama Cheni alimuuliza mwanawe ninasema nini. Alipoambiwa, akaenda jikoni, akarudi na ule unga wa ulezi. Aliuokota siku ile ya kwanza nje ya mlango wa hoteli, akautunza kwenye debe lenye mfuniko. Nikaupima: kilo tano kasoro vijiko viwili. Aliuonja.

Siku kumi na mbili tulifanya kazi. Mimi napika uji, yeye supu ya miguu ya nguruwe. Mimi nakanda mgongo, yeye miguu. Aliongeza tangawizi kwenye uji wangu nikageuza uso nisione. Mkandaji mwenye cheti anakanda kwa saa ya ukutani; sisi tulikanda mpaka mtu asinzie.

Asubuhi moja nikiwa namkanda, Veronika akasema ameangalia ukutani, "Dada, umenikasirikia kuhusu hoteli."

"Mimi? Hapana. Nimekaa kwenye kioo siku ishirini na tano kwa raha zangu."

Akacheka, mgongo ukatikisika. "Mlivyokuwa mnapigiana kelele kwenye simu, wewe huku, mama huku, na mimi tumbo liko mdomoni, nikaona nikizaa nitalelewa katikati ya vita. Nikisema njoo wewe, yeye analia. Nikisema yeye, wewe hunisemeshi mpaka kufa. Nikachagua wasionijua."

Nikasimamisha mikono.

"Walikuwa wazuri," akasema. "Lakini dada, sikulala. Siku ishirini na nane nilikuwa nasinzia tu. Endelea, usiache. Hapo hapo."

Nikaendelea hapo hapo. Alipogeuka niliyaangalia macho, kama nilivyotumwa. Sikuhitaji kuyaangalia mara ya pili.

Kurudi

Siku ya arobaini na moja walinisindikiza stesheni. Mama Cheni alinipa kifurushi kilichoshonwa kwa uzi, akanionyesha kwa ishara nisifungue njiani. Nilijaribu kupata ruhusa ya kuchungulia kidogo. Huyo naye hashuki.

Ndege, kuku, Addis, kuku, Arusha, na kutoka Karatu basi likakwama pale pale. Safari hii nilikaa kwenye mfuko wangu bila hasira. Kulikuwa na watoto wa shule wanasukuma basi na kucheka. Niliwahesabu, ikashindikana, hawatulii.

Mama alikuwa mlangoni. "Macho yake?"

"Ni wetu," nikamwambia. "Na wa kule pia. Nimeangalia vizuri."

Akafikiri. "Huyo mkwe ni mtu gani?"

"Anahesabu kama mimi."

Nikakata uzi wa kifurushi, wanangu wamejazana. Masweta mekundu, ya sufu nzito, ya baridi ya Daudi hasa. La Yohana likamkaa mabegani kama alipimwa. La Agnesi, la Paulo, la Basili. Kile kiganja kwenye picha, kumbe. Chini kabisa kulikuwa na lingine dogo la mtoto mchanga. Nikayavua yote, nikayapanga mezani, nikahesabu. Matano. Nikahesabu tena.

Nikampigia Cheni. "Shikamoo shemeji!" "Marahaba. Mwambie mama yako amekosea, ametuma matano, hilo dogo ni la Veronika."

Nilisikia akiuliza, nikasikia mama yake akijibu.

"Anasema hakukosea. Ya Veronika iko hapa. Hiyo ya tano ni ya ile kazi iliyosimamishwa." Akavuta pumzi. "Anasema iweke kwako. Kwako kuna watoto wengi, haitakaa peke yake."

Lipo kwenye kamba ya nguo za watoto, katikati ya la Paulo na la Basili. Mkija nyumbani mtaliona. Wanangu nimewaambia ni la nani. Wakiulizwa wako wangapi, Basili anasema wanne, halafu anaangalia kamba, anahesabu tena.